UREA PEKE YAKE HAITOSHI, NA BUSTA PEKE YAKE NDIO KABISA: YOTE KUHUSU MBOLEA NA VIRUTUBISHO VIDOGO

Leo tuweke pembeni siasa na Simba na Yanga, tuongee mbolea. Najua kuna ambao wameshaanza kutafuta pa kubofya watoke. Subirini kwanza. Kama unakula ugali au mchicha habari hii inakuhusu, na kama kwenu kuna mtu analima hata matuta mawili nyuma ya nyumba inakuhusu zaidi. Ni ndefu kidogo, kwa hiyo kama dakika zako pale kaunta zinakaribia kuisha, ruka uende kwenye kipande cha kusoma majani, mengine urudi kuyasoma siku nyingine.

Sababu ya kuandika ni mamdogo wangu. Analima matuta nane ya mchicha na matembele kwenye eneo la wazi karibu na mto. Mchicha ni zao la haraka, wiki tatu au nne unang'oa unauza, ndio maana hapa Dar unapendwa na kila mwenye kakipande ka ardhi. Mwaka jana ukaanza kugeuka njano. Akaenda duka moja la pembejeo (jina naliacha), muuzaji akamwambia, "Mama, hapa shida ni virutubisho vidogo, chukua busta." Akanunua chupa ya mililita 100, akapulizia matuta yote. Wiki ikapita, njano ileile. Akarudi, akauziwa chupa nyingine. Mwisho aling'oa mchicha mwembamba ambao wateja wa jioni waliupita tu, na hela ya mchezo wiki ile akakopa kwa jirani.

Akaniuliza, "Wewe mwanangu si ulisoma sayansi? Hebu niambie, nimekosea wapi?" Kemia ya form four nilipata D, kwa hiyo swali lilinichoma. Nikaanza kusoma, nikaanza kuwasumbua mabwana shamba. Haya ndiyo niliyopata.

MMEA UNAKULA NINI

Mmea unahitaji elementi 17 ili ukue mpaka uzae. Tatu, yaani kaboni, haidrojeni na oksijeni, unazipata bure kwenye hewa na maji. Zilizobaki 14 zinatoka kwenye udongo. Kati ya hizo kuna tatu kubwa ambazo ndizo tunaziona kwenye mifuko ya mbolea: naitrojeni (N), fosforasi (P) na potasiamu (K). Zinafuata tatu za kati: kalsiamu, magnesiamu na salfa. Halafu ndio wanakuja wadogo nane: chuma, manganizi, zinki, shaba, boroni, molibdeni, klorini na nikeli.

Wanaitwa wadogo kwa sababu ya kiasi tu. Kazi yao si ndogo. Bila zinki mmea haukui, unabaki umedumaa na majani madogomadogo. Bila chuma hauwezi kutengeneza ile rangi ya kijani. Boroni inajenga ukuta wa seli na inasaidia ua kushika mbegu. Molibdeni inatumika na vile vinundu vya kwenye mizizi ya maharage na kunde vinavyovuta naitrojeni kutoka hewani. Nikeli ndiyo iliyochelewa kukubaliwa kwenye orodha, ilikuwa 1987, na kazi yake inachekesha: ndiyo inayouwezesha mmea kuivunja urea iliyo ndani ya mwili wake.

Hii elimu si ya zamani sana. Boroni ilithibitishwa 1923 na mama mmoja wa kituo cha Rothamsted kule Uingereza, Katherine Warington, alipokuwa akifanya majaribio na maharage. Zinki ikafuata 1926, molibdeni 1939. Kabla ya hapo mkulima aliona zao linakufa, akasema ni ugonjwa au ni jicho la mtu.

Hata hapa kwetu imetokea. Kituo cha utafiti cha Mlingano, Muheza mkoani Tanga, kilianzishwa 1934 kwa ajili ya mkonge. Kulikuwa na kile kilichoitwa ugonjwa wa mkonge, jani linapata kama mkanda karibu na shina, linalegea na kukunjika hapohapo. Ilikuja kuonekana kwamba si ugonjwa, ni njaa ya potasiamu. Mkonge umevunwa mwaka hadi mwaka, nyuzi zinapanda meli, udongo haurudishiwi kitu. Leo Mlingano iko chini ya TARI, taasisi ya utafiti wa kilimo, na ndiyo makao ya utafiti wa udongo nchini.

Kanuni ya kushika ni hii, wanaisema tangu karne ya 19 Wajerumani Sprengel na Liebig: mavuno yanaamuliwa na kile kirutubisho kilichopungua kuliko vyote. Ukikosa chumvi kwenye pilau, kuongeza nyama haisaidii. Ukikosa nyama, kumwaga chumvi ndio unaharibu kabisa. Shikeni hilo la pili, tutalirudia kwa mamdogo.

GUNIA LINALOSHUKA TANDALE

Mimi nimekulia Tandale, soko naliona nikitoka mlangoni. Wageni wanadhani masoko yote ya Dar ni mitumba na simu, lakini soko letu ni la nafaka. Usiku malori yanashusha mahindi, maharage, mchele, ulezi, kutoka Rukwa, Songea, Mbeya, Iringa, Dodoma. Pembeni zinanguruma mashine za kukoboa na kusaga.

Sasa fanya hesabu. Gunia moja la mahindi la kilo 100 limebeba takriban kilo moja na nusu ya naitrojeni, gramu 300 hivi za fosforasi, na gramu 350 hivi za potasiamu. Zinki? Gramu 2 tu. Shaba haifiki hata robo gramu. (Na hapo ni gunia halali, si lumbesa. Kwenye lumbesa mkulima anaibiwa mahindi na anaibiwa na udongo wake.)

Vyote hivyo vimetoka kwenye shamba la mtu Sumbawanga au Mbozi, na havirudi. Tunakula, vinaishia kwenye vyoo vya shimo na kwenye mitaro inayoelekea baharini. Mkulima anayetaka kuendelea lazima arudishe. Kwa miaka mingi anachorudisha ni naitrojeni na fosforasi, basi. DAP ya kupandia, urea ya kukuzia. Gramu mbili za zinki kwa gunia ni kidogo mno, mwaka wa kwanza hauoni kitu, wa tano hauoni kitu. Ila kama udongo ulikuwa na kidogo tangu mwanzo, au ni wa kichanga kama huu wetu wa Pwani, kuna msimu mahindi yanatoka na michirizi myeupe na urea yote ile haifanyi kazi. Mkulima anasema mbolea feki. Pengine ni feki kweli. Pengine ni pilau bila chumvi.

Tena kuna mchezo mwingine humohumo ardhini. Fosforasi ikizidi sana inazuia mmea kupata zinki. Chokaa ikizidi, au udongo wenyewe ukiwa na magadi, chuma na zinki vinajifunga, mzizi unavikosa japo vipo. Udongo ukiwa na tindikali kali mambo yanageuka, molibdeni ndiyo inajificha, na alumini inayeyuka na kuunguza mizizi. Na SA, ile salfeti ya amonia, ukiitumia mwaka baada ya mwaka inaongeza tindikali. Urea nayo inaongeza, ila si kwa kasi ile.

KUSOMA MFUKO

Hapa wengi tunaibiwa kwa kutokujua. Namba tatu kwenye mfuko ni asilimia, kwa mpangilio wa N, P na K. Urea ni 46-0-0, maana yake mfuko wa kilo 50 una kilo 23 za naitrojeni na hauna kingine chochote cha kumsaidia mmea. DAP ni 18-46-0. Hapo katikati pana ujanja wa kihesabu, ile 46 si fosforasi yenyewe bali ni fosforasi pamoja na oksijeni (P2O5), ukitaka fosforasi tupu zidisha kwa 0.44. Kwa hiyo mfuko wa DAP una kilo 9 za naitrojeni na kama kilo 10 za fosforasi. SA ni 21-0-0 lakini ina salfa 24, ndiyo maana ikiwekwa kwenye kitunguu au kabichi kwenye udongo uliochoka salfa unaona tofauti ambayo urea haileti.

Ukiona baada ya namba tatu kuna alama ya kujumlisha na herufi kama Zn, B, S au Mg, hapo ndipo virutubisho vya ziada vilipo. Zipo mbolea za namna hiyo nchini. YaraMila Cereal ina zinki ndani. Minjingu Mazao, inayotengenezwa hapa kwetu, ina zinki, shaba na boroni.

Minjingu nayo ina historia yake. Iko Manyara, karibu na ziwa Manyara, na ile fosfeti ni mabaki ya ndege na samaki wa ziwa la kale. Iligunduliwa miaka ya 1950. Wakati wa Mwalimu tulijenga kiwanda cha mbolea Tanga, kikaanza kazi 1972, na baadaye kikawa kinatumia fosfeti ya Minjingu. Kilifungwa 1991. Vocha za ruzuku zilipoanza msimu wa 2008/09, Minjingu ikagawiwa badala ya DAP sehemu nyingi, na wakulima wakalalamika sana, ni unga, unapeperuka, unawajaa puani. Baadaye ikatengenezwa ya chenga. Mimi naona waliichukia kwa sababu ya vumbi, kumbe ile mbolea yenyewe kwenye udongo wa tindikali ni nzuri tu. Kwenye udongo usio na tindikali haiyeyuki vizuri, hilo ni kweli, na wachache waliambiwa.

Msimu wa 2022/23, bei za dunia zilipopanda na vita ya Ukraine ikazidi kuzipandisha, serikali ilitenga shilingi bilioni 150 za ruzuku, mfuko wa urea na wa DAP ukashuka mpaka 70,000 kwa mkulima aliyejiandikisha. Iliokoa watu. Lakini ruzuku ikishusha bei ya urea na DAP, mkulima atanunua urea na DAP, hata mimi ningenunua. Zinki inabaki kuwa stori za semina.

Jambo moja zaidi kuhusu mfuko: mbolea inayouzwa nchini inatakiwa iwe imesajiliwa na TFRA, mamlaka ya kudhibiti mbolea iliyotokana na sheria ya 2009. Hata zile chupa za busta. Kama lebo haina usajili, haina asilimia, ina picha ya nyanya kubwa tu na maneno "mavuno mara 3", iache hapohapo.

KUSOMA MAJANI

Hiki ndicho kipande nilichosema msikose. Swali la kwanza si "jani lina rangi gani", ni "jani lipi limeanza, la zamani au jipya?"

Naitrojeni, fosforasi, potasiamu na magnesiamu zinaweza kuhama ndani ya mmea. Zikipungua, mmea unazitoa kwenye majani ya chini, ya zamani, unawapa watoto juu. Kwa hiyo dalili zinaanzia CHINI. Njano ya jani zima kuanzia chini ni naitrojeni. Jani la chini kuwa na rangi ya zambarau, hasa mahindi machanga, mara nyingi ni fosforasi. Kingo za jani la chini kukauka kama zimeunguzwa na pasi ni potasiamu. Njano katikati ya mishipa, huku mishipa ikibaki kijani, kwenye majani ya zamani, ni magnesiamu.

Chuma, boroni, kalsiamu na shaba havihami kirahisi. Vikipungua, mtoto ndiye anayeteseka, dalili zinaanzia JUU. Jani jipya la njano lenye mishipa ya kijani ni chuma. Ncha ya kukua kufa, shina kuwa na uwazi ndani, papai kuwa na manundu, kichwa cha alizeti kubaki mapengo, hapo mshuku boroni. Nyanya kuoza kitako ni kalsiamu, ila mara nyingi kalsiamu ipo ardhini, tatizo ni kumwagilia leo halafu usahau siku nne. Zinki kwenye mahindi inajulikana vizuri: mkanda mweupe au wa njano pande mbili za mshipa mkuu, upande wa chini wa jani, kwenye majani machanga, na mmea unakuwa mfupi, vifundo vimekaribiana.

Angalizo. Maji yakituama mizizi inashindwa kupumua na jani linakuwa njano vilevile. Minyoo ya mizizi, hivyohivyo. Kwa hiyo kabla ya kutoa hela, ng'oa mmea mmoja uangalie mizizi. Mizizi mieupe ni mizima, ya kahawia yenye harufu imeoza, na hiyo haiponi kwa mbolea.

Mwenye eka kadhaa apime udongo. Unachimba sehemu 10 hadi 15 za shamba ukitembea kwa zigizaga, kina cha sentimita 20, unachanganya kwenye ndoo safi, unachukua nusu kilo unapeleka. Mlingano wanapima, na SUA Morogoro wanapima. Ndoo isiwe ya bati lililopakwa zinki kama unataka kupima zinki, utapima ndoo.

SASA MAMDOGO ALIKOSEA WAPI

Nilikwenda kuangalia. Njano ilikuwa imeanzia chini, jani zima. Umeshajua. Ilikuwa naitrojeni.

Nikachukua ile chupa nikasoma lebo: naitrojeni 8%, halafu chembechembe za zinki, boroni, chuma. Chupa ya mililita 100 maana yake gramu 8 za naitrojeni. Akagawa kwenye matuta nane. Gramu MOJA kwa tuta. Tuta lake lina kama mita za mraba 10, na mchicha ukivunwa vizuri hapo unaondoka na gramu 80 hadi 100 za naitrojeni. Yaani mtu ana njaa ya siku mbili, umempa punje ya wali iliyotiwa vitamini.

Kukidhi gramu 80 kwa urea unahitaji kama gramu 170 kwa tuta zima, bora uzigawe mara mbili, na uzifukie au umwagilie hapohapo. Urea ikiachwa juu ya udongo wenye joto inageuka amonia inapaa, ile harufu unayoisikia ni hela yako inaondoka.

Nikamweleza. Akanyamaza kidogo, akasema, "Kwa hiyo busta ni utapeli?" Hapana mamdogo, si utapeli. Kama shida ingekuwa zinki au boroni, kupulizia ndiyo njia ya haraka, kwa sababu kiasi kinachotakiwa ni kidogo na jani linaweza kukinywa. Zinki salfeti kwa mfano inachanganywa gramu 2 hadi 5 kwa lita moja ya maji, unaanza na kipimo cha chini, unapulizia jioni. Ukiiweka ardhini ni kilo kadhaa kwa eka na inadumu misimu kadhaa. Ila ukizidisha unaunguza. Boroni ndiyo hatari zaidi, kati ya kutosha na kuwa sumu pana nafasi ndogo sana. Na shaba haiondoki ardhini kirahisi: mashamba ya kahawa Kenya yaliyopuliziwa dawa za shaba, ndugu zake mrututu, kwa miaka mingi yalipimwa miaka ya 1980 yakakutwa na shaba imejazana kwenye udongo wa juu.

Muuzaji alikosea ugonjwa. Au hakukosea, alikuwa na busta za kuuza.

PUMBA, KUKU NA MCHICHA

Hapa ndipo nilipoona kitu ambacho nilikuwa nakipita kila siku. Pale Tandale mahindi yanakobolewa kupata sembe. Zinki na chuma vya mahindi vimekaa zaidi kwenye kiini na ganda. Ukishakoboa sawasawa, sembe inabaki na kama theluthi moja ya zinki iliyokuwa kwenye dona. Theluthi mbili zimekwenda na pumba. Pumba inanunuliwa na wafugaji wa kuku, wale wa mabanda ya Kinondoni yote mpaka Bunju, na wao wanaongeza na madini ya chakula cha kuku yenye zinki na shaba. Kuku anatumia kidogo, kingi anakitoa. Kwa hiyo mbolea ya kuku, ile inayouzwa kwa viroba ikiwa na maranda ndani, ina naitrojeni, fosforasi na wale wadogo kuliko samadi ya ng'ombe. Kiroba cha kilo 50 kikavu kinaweza kuwa na zaidi ya kilo moja ya naitrojeni na gramu 10 za zinki au zaidi. Zinki iliyotolewa kwenye ugali wetu inarudi kwenye mchicha wetu kupitia kuku! Iozeshe kwanza wiki kadhaa, mbichi inaunguza miche na ina vijidudu vya kuumiza tumbo.

Na hili la zinki si la mimea peke yake. Uturuki, kwenye uwanda wa Anatolia ya kati, miaka ya 1990 waligundua ngano inadumaa kwa kukosa zinki, wakaanza kuitia kwenye mbolea, mavuno yakapanda na ngano yenyewe ikawa na zinki zaidi kwa mlaji. Finland kuanzia katikati ya miaka ya 1980 wanatia seleniamu kwenye mbolea, ambayo mmea wenyewe hauihitaji, ni kwa ajili ya watu. Hapa kwetu utafiti wa afya wa 2022 ulikuta watoto 30 kati ya 100 walio chini ya miaka mitano wamedumaa. Sababu ni nyingi, mtu asije akasema nimesema ni zinki. Lakini mtoto anayekula sembe asubuhi uji, mchana ugali, zinki ataitoa wapi? Mwaka 2011 zilitoka kanuni za kuongeza virutubisho kwenye unga, ziliwahusu wa viwandani, mashine nyingi za mtaani hazikuwa zinaongeza kitu. Dona ni bora, ila nayo ina fitati inayoizuia zinki tumboni. Kuuchachusha uji kidogo kunapunguza hilo, bibi zetu walifanya bila kusoma.

LILILONITIA WASIWASI

Shaba na zinki ni chakula. Risasi na kadimiamu si chakula cha mmea wala cha mtu, na mzizi unavivuta vyote pamoja. Mwaka 1999 wanakemia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walichapisha vipimo vya mboga za majani zilizolimwa kando ya mito ya Sinza na Msimbazi. Walipima kadimiamu, shaba, risasi na zinki, na baadhi ya mboga zilikuwa na madini sumu kupita kiwango kinachoshauriwa. Hayo ni maji yanayopokea taka za gereji, viwanda na mitaro yetu. Kuosha kunatoa vumbi la juu, hakutoi kilichoingia ndani ya jani. Kuweka mboji nyingi na kutoruhusu udongo kuwa na tindikali kunapunguza mvuto, hakuondoi tatizo. Dawa yenyewe ni kubadilisha maji.

Hilo nililimwambia mamdogo kwa shida, maana ukimwambia mtu aache maji ya mto unamwambia anunue maji. Tulikubaliana nusu: matuta matano yaliyo juu anamwagilia ya kisima cha jirani kwa kumlipa kwa mwezi, matatu ya karibu na mto amepanda maua na miche ya miti ya kuuza.

Kwenye yale matano tulifanya jaribio letu. Mawili mbolea ya kuku iliyooza. Mawili ya kuku na urea kidogo siku ya 12. Moja tukaliacha kama zamani, busta tu. Siku ya 21 hapakuwa na haja ya mizani. Ya kuku na urea yalipitana kidogo tu, la busta lilikuwa njano mpaka aibu. Halafu kwenye moja la kuku tukapulizia busta nusu ya tuta, nusu tukaiacha, tuone kama wale wadogo walikuwa wanakosekana. Hatukuona tofauti. Kwa udongo wake, kuku amemaliza kazi.

Viroba vya mbolea ya kuku navyo vimeanza kupanda bei, wafugaji wameshajua. Na ile busta iliyobaki bado ipo juu ya kabati, nusu chupa. Nilitaka kuitupa, mamdogo akakataa, anasema ameilipia, ataimwagia mpapai.